Mashoto wa Denmark aliyecheza kwa ajili ya mwenzake

Huenda jina la Mathias Boe halijapata kutajwa nyumbani kwako hata siku moja, na si kosa lako. Magazeti yetu hayana desturi ya kuandika habari za mpira wa vinyoya, mchezo ambao wengi wetu tunauita badminton na tunaujua kama burudani ya likizo. Watoto wawili mtaani, raketi mbili za bei nafuu, na kamba ya kuanikia nguo iliyogeuzwa kuwa wavu. Kinyoya kikipeperushwa na upepo hadi uani kwa jirani, mchezo umekwisha.

Lakini ikiwa nyumbani kwenu kuna mpenzi wa filamu za Kihindi, basi huenda mmewahi kumwona Boe pichani bila kujua ni nani. Machi 2024 mwigizaji Taapsee Pannu, yule aliyeigiza pamoja na Amitabh Bachchan katika filamu ya Pink ya mwaka wa 2016, alifanya harusi mjini Udaipur. Bwana harusi alikuwa Mzungu kutoka Denmark. Kwa mashabiki wa filamu alikuwa mgeni kabisa. Kwa mashabiki wa badminton kutoka Jakarta hadi Birmingham, mgeni pale alikuwa bibi harusi.

Na hapo ndipo nilipotaka kukufikisha, msomaji. Mtu huyu alicheza katika kiwango cha juu kabisa duniani kwa zaidi ya miaka kumi, akapata nishani ya Olimpiki, akapanda hadi nambari moja ulimwenguni, lakini hakuna ushindi wake mkubwa hata mmoja unaoweza kusimuliwa kwa jina lake peke yake. Alikuwa mchezaji wa wawili wawili. Kila alichokipata alikigawana, na pale mwenzake alipougua, nusura kila kitu kisimame.

Hebu tuanze nyumbani kwao. Boe alizaliwa Julai 11, 1980 mjini Frederikssund, mji mdogo ulioko kaskazini-magharibi mwa Copenhagen, kando ya ghuba nyembamba inayoingia ndani ya nchi kavu. Ukiifuata ghuba hiyo hiyo kuelekea kusini unafika Roskilde, na huko ndiko alikozaliwa Carsten Mogensen, Julai 24, 1983. Wakati huo hakuna aliyejua kwamba watoto hao wa ghuba moja wangekuja kuzunguka dunia pamoja.

Denmark ni nchi ndogo. Watu wake wanakaribia milioni sita, wachache kuliko wakazi wa kaunti za Nairobi na Kiambu wakiwekwa pamoja. Inakuwaje basi nchi kama hiyo ishindane na China na Indonesia, zenye mamia ya mamilioni ya watu? Jibu moja ni hali ya hewa. Mwezi wa Desemba jua la huko huzama kabla ya saa kumi jioni, na mtoto anayetaka kucheza hana budi kuingia ndani ya ukumbi. Kumbi zipo hata katika miji midogo, na vilabu vingi huendeshwa na wazazi wanaojitolea baada ya kazi. Jibu la pili ni mazoea ya siku nyingi. Denmark ilikuwa miongoni mwa nchi tisa zilizoanzisha shirikisho la kimataifa la mchezo huu mwaka wa 1934. Boe alipokuwa kijana wa miaka 16, Poul-Erik Høyer Larsen alinyakua dhahabu ya Olimpiki kule Atlanta, 1996, katika mashindano ya mchezaji mmoja mmoja.

Kijana yeyote angetamani kuwa kama Høyer. Boe yeye akajijengea jina upande wa wawili wawili, upande ambao hata katika nchi zinazoupenda mchezo huu hauvutii macho ya watu kwa wingi.

Nisikuache njiani, acha nikueleze mchezo wenyewe. Kinyoya ni kizibo kidogo kilichochomekwa manyoya 16, na yale ya mashindano makubwa hutoka kwa bata bukini. Uzito wake hauzidi gramu tano na nusu. Uwanja wa wawili wawili una urefu wa mita 13.4 na upana wa mita 6.1, na katikati kuna wavu unaomfika mtu mzima mabegani hivi. Tangu mwaka wa 2006 kila seti huchezwa hadi pointi 21, lakini mkifungana 20 kwa 20 ni lazima mmoja atangulie kwa pointi mbili. Anayeshinda seti mbili ndiye mshindi.

Sasa waweke watu wanne katika uwanja huo. Kinyoya kinapigwa kwa kasi inayopita ya gari lolote uliloliona Thika Road, na hakuna nafasi ya kufikiri. Wawili wanaoshambulia husimama mmoja mbele na mwingine nyuma. Wa nyuma ndiye anayeruka hewani na kutandika, na ndiye mashabiki wanayempigia makofi. Wa mbele anachutama karibu na wavu, raketi imeinuliwa, akikisubiri kinyoya kinachorudi kilegevu akizime. Kazi yake ya kwanza ni kuanzisha mchezo kwa pigo fupi linalopita juu ya wavu kwa unene wa kidole, ili mpinzani alazimike kukinyanyua kinyoya na yule wa nyuma apate karamu yake. Kwa ufupi, mmoja anapika na mwingine anapakua.

Boe alikuwa mpishi. Mogensen, aliyekuwa na pigo zito, alikuwa wa kupakua.

Kulikuwa na jambo jingine. Boe ni mashoto, Mogensen anatumia mkono wa kulia. Pengine hili unaliona dogo, lakini muulize yeyote aliyewahi kucheza dhidi ya jozi ya namna hiyo. Ukishamzoea mtu wa mkono wa kulia, unajua upande wake dhaifu na unapeleka kinyoya huko. Dhidi ya wawili hawa, pale palipokuwa penye usalama sekunde mbili zilizopita pamegeuka mdomo wa mamba, kwa sababu wamebadilishana nafasi na sasa mkono ulioko pale ni ule mwingine. Mpinzani anacheza huku akifanya hesabu kichwani, na mwenye kufanya hesabu huchelewa.

Hata hivyo, haikuwa mteremko. Machi 2010 walifika fainali ya All England, mashindano yaliyoanza mwaka wa 1899 na ambayo wachezaji huyaheshimu pengine kuliko yote baada ya Olimpiki. Kando ya pili ya wavu walisimama Wadenmark wenzao, Lars Paaske na Jonas Rasmussen, mabingwa wa dunia wa 2003 ambao walikuwa wakielekea ukingoni. Boe na Mogensen walishinda seti ya kwanza. Wakapoteza ya pili. Ya tatu ikaenda hadi 26-24, na wazee ndio waliocheka. Hebu fikiria kushindwa kwa pointi mbili na watu ambao asubuhi mnapanda ndege moja nao kurudi nyumbani!

Mwaka uliofuata, 2011, walirudi Birmingham na kufika fainali tena. Safari hii walikutana na Koo Kien Keat na Tan Boon Heong wa Malaysia. Walipoteza seti ya kwanza, kisha wakazitwaa mbili zilizosalia, na taji likawa lao. Kufikia wakati huo walikuwa wamekwisha kushika nafasi ya kwanza duniani.

Kisha ikaja London 2012.

Ningeomba usimame nami kidogo katika ukumbi wa Wembley Arena, Jumamosi ya Agosti 4, kwa sababu mimi naiona nusu fainali ile kuwa mechi kubwa zaidi ya maisha ya Boe, kuliko hata fainali yenyewe. Wapinzani walikuwa Chung Jae-sung na Lee Yong-dae wa Korea Kusini, mabingwa wa All England wa mwaka huo. Lee alikuwa tayari na dhahabu ya Olimpiki ya wachezaji mseto tangu Beijing 2008, na Korea nzima ilimjua kama mcheza sinema. Wakorea walichukua seti ya kwanza 21-17. Wadenmark wakajibu 21-18. Seti ya tatu ilikwenda bega kwa bega hadi mwisho, na Boe na Mogensen wakaimaliza 22-20. Pointi mbili zile zile zilizowanyima taji miaka miwili nyuma sasa ziliwapa uhakika wa nishani. (Chung aliaga dunia Machi 2018 akiwa na umri wa miaka 35 tu, na wengi katika mchezo huu walimlilia.)

Siku iliyofuata waliingia fainali dhidi ya Cai Yun na Fu Haifeng wa China. Jozi hiyo ilikuwa imetwaa ubingwa wa dunia mara nne, lakini dhahabu ya Olimpiki ilikuwa imewaponyoka nyumbani kwao Beijing. Hawakukubali iwaponyoke tena. Matokeo yalikuwa 21-16, 21-15. China ilipata dhahabu yake ya kwanza kabisa katika wawili wawili wanaume, na kwa dhahabu hiyo ikafagia zote tano za badminton mwaka huo. Boe na Mogensen walivalishwa fedha.

Ni rahisi kusema fedha si haba. Lakini aliyeketi mezani na mtoto aliyekuwa wa pili darasani anajua swali linalomkera: kwa nini si wa kwanza? Mwaka wa 2013 swali hilo lilirudi. Katika mashindano ya ubingwa wa dunia mjini Guangzhou walifika fainali, wakafungwa 21-13, 23-21 na Mohammad Ahsan na Hendra Setiawan wa Indonesia. Liweke kando jina la huyo Ahsan. Tutakutana naye tena.

Mwaka wa 2015 walitwaa All England kwa mara ya pili, na katika fainali walimfunga Fu Haifeng, yule yule wa London, ambaye sasa alikuwa akicheza na Zhang Nan. Boe alikuwa na miaka 34. Mtu angedhani wanapanga safari ya Olimpiki ya Rio kwa utulivu, maana ilikuwa imebaki miezi kidogo tu.

Januari 2016 walikuwa India, wakicheza katika ligi ya huko inayowakusanya nyota wa nchi mbalimbali. Mogensen akaugua na kulazwa hospitalini. Madaktari walipomchunguza walikuta mshipa wa damu uliotuna ndani ya ubongo wake. Mshipa wa namna hiyo ukipasuka, mgonjwa anaweza kufa au kupooza. Hapakuwa tena na habari za nishani. Palikuwa na kijana wa miaka 32 kitandani, mbali na kwao.

Mchezaji wa mmoja mmoja akiugua, ameugua yeye. Hawa wawili akiugua mmoja, wa pili anabaki na raketi mkononi, mzima wa afya, asiwe na la kufanya. Kidole kimoja hakivunji chawa. Boe angeweza kutafuta mwenzi mwingine, na pengine kuna ambao wasingemlaumu, kwa kuwa umri ulikuwa ukimtupa mkono. Hakuingia Rio na mwingine. Mogensen alipona na kurudi uwanjani mwaka huo huo, nao wakaenda pamoja. Hawakuvuka hatua ya makundi, na robo fainali ikachezwa bila wao. Sidhani kuna aliyewashangaa, ila kwa kuwaona tu pale uwanjani.

Yaliyofuata ndiyo ya kushangaza. Aprili 2017 mashindano ya Ulaya yalifanyika kwao, katika mji wa Kolding, nao wakawa mabingwa wa Ulaya kama walivyokuwa mwaka wa 2012. Septemba mwaka huo walikwenda Seoul kwa mashindano ya Korea Open. Fainali iliwakutanisha na Marcus Gideon na Kevin Sanjaya Sukamuljo wa Indonesia, vijana wafupi wenye mikono ya umeme ambao wakati huo walikuwa wakimtisha kila mtu. Boe alikuwa ametimiza miaka 37. Walicheza seti tatu, na Wadenmark wakashinda.

Mambo hayadumu. Mwaka wa 2018 waliachana, na Boe akamalizia siku zake akicheza na Mads Conrad-Petersen. Aprili 2020, dunia ikiwa imefungwa na ugonjwa wa korona na Olimpiki ya Tokyo imeahirishwa, alitangaza kuwa anatundika raketi. Alikuwa amebakisha miezi mitatu afikishe 40.

Wengi wakistaafu huwa wamekwisha. Boe alikwenda India. Nchi hiyo hakuwa mgeni nayo, kwani mbali na ile ligi na uchumba wake na Taapsee, alikuwa amewahi kucheza huko katika timu ya Pune 7 Aces, ambayo Taapsee alikuwa mmoja wa wamiliki wake. Katika timu hiyo alisimama uwanjani bega kwa bega na kijana wa Mumbai aitwaye Chirag Shetty. Sasa aliitwa kumfundisha Chirag na mwenzake, Satwiksairaj Rankireddy wa Andhra Pradesh. Satwik ni pandikizi la mtu ambaye mwaka wa 2023 aliingizwa katika kitabu cha rekodi cha Guinness kwa pigo la kilomita 565 kwa saa, lililopimwa huko Japan.

Kwa hivyo nguvu haikuwa shida yao. Walichokosa ni kile alichokijua Boe, yaani upishi: pigo fupi la kuanzisha, kutulia pale pointi zinapokaribiana, kumsoma mpinzani kabla hajapiga.

Kule Tokyo mwaka wa 2021 waliwashinda Lee Yang na Wang Chi-lin wa Taiwan, ambao baadaye ndio waliotwaa dhahabu. Walishinda mechi mbili kati ya tatu za kundi lao, lakini jozi tatu zilikuwa na ushindi mbili mbili, na hesabu ya seti ikawatoa. Boe, aliyekuwa ameketi kwenye kiti cha kocha pembeni ya uwanja, alikuwa amerejea palepale pa pointi chache.

Mei 2022 timu ya India ilikwenda Bangkok kugombea Kombe la Thomas, ambalo ni kama kombe la dunia la timu za wanaume. India haikuwa imewahi kufika fainali. Katika nusu fainali wakapangwa na nani? Denmark. Jaribu kukaa katika kiti kile, msomaji. Mbele yako vijana wako wa India wanapambana na Kim Astrup na Mathias Christiansen, Wadenmark wenzako. Seti ya tatu imefika 20-20. Satwik na Chirag wakaimaliza 22-20, na India ikashinda kwa jumla ya mechi tatu kwa mbili.

Fainali ilikuwa dhidi ya Indonesia, nchi iliyokuwa imelitwaa kombe hilo mara 14. Mechi ya wawili wawili ilipoitwa, Satwik na Chirag walimkuta Kevin Sanjaya aliyefungwa na Boe kule Seoul, na kando yake alisimama Mohammad Ahsan, yule yule wa Guangzhou. Vijana walipoteza seti ya kwanza. Katika ya pili walichungulia kaburi, wakaokoka 23-21, kisha wakamaliza 21-19. India ikashinda 3-0 na kuondoka na kombe kwa mara ya kwanza katika historia yake.

Baada ya hapo milango ilifunguka. Dhahabu ya Jumuiya ya Madola mjini Birmingham, nishani ya shaba ya dunia mjini Tokyo mwaka huo huo, ubingwa wa Asia mjini Dubai 2023, dhahabu ya Michezo ya Asia mjini Hangzhou, na Oktoba 2023 vijana wa Boe wakawa nambari moja duniani, mahali alipopajua yeye mwenyewe.

Kilichobaki kilikuwa nishani ya Olimpiki. Agosti 1, 2024 mjini Paris waliingia robo fainali dhidi ya Aaron Chia na Soh Wooi Yik wa Malaysia. Seti ya kwanza waliichukua kirahisi, 21-13. Ya pili ikawaponyoka 14-21. Katika ya tatu waliongoza, kisha wakaachwa, na ubao ukasoma 16-21. Boe alikuwa na miaka 44. Siku chache baadaye aliandika kwamba, kwa wakati huo angalau, kazi ya ukocha amemaliza, iwe India au kwingineko. Alisema ametumia muda mwingi mno wa maisha yake ndani ya kumbi za badminton, kwamba kuketi kwenye kile kiti kunachosha moyo, na kwamba yeye sasa ni mzee aliyechoka.